Sikukuu ya Malimbuko imefika na shamba bado bichi: kalenda ya dunia yangu imeharibiwa na nini?

#1 Kalamu_Kavu (mleta mada)

Wadau, salaam.

Naandika hadithi ndefu ya nchi ya kubuni inayoitwa Tarambe. Angani kuna miezi miwili. Nuria hupevuka kila baada ya siku 24, Bwere kila baada ya siku 40. Mwaka wa hekalu una siku 360, kwa hiyo Nuria hupevuka mara 15 na Bwere mara 9. Juma lina siku 8. Hakuna baki popote, na kila usiku wa mwaka mpya miezi yote miwili inakuwa mipevu kwa pamoja. Makuhani wanasema huo ndio ushahidi kwamba mwaka wao ulipangwa na miungu.

Mwaka wa 1 hekalu liliweka Sikukuu ya Malimbuko siku ya 200, katikati ya mavuno. Sura ninayoandika sasa ni ya mwaka wa 312. Siku ya 200 imefika, ngoma zinalia, lakini ukienda shambani masuke ni ya kijani na ukiminya punje inatoa maziwa. Mavuno yako mbele, siku 78. Mkulima anapeleka madhabahuni masuke mabichi, au nafaka ya mwaka jana iliyokwisha tobolewa na fukusi.

Hali hiyo naitaka, hadithi nzima imesimama juu yake. Ninachotafuta ni sababu. Siku 78 zimekwenda wapi? Sitaki uchawi. Nataka sababu ambayo msomaji anayejua hesabu akiikagua ataikubali.

#2 Fundi_Mizani

78 gawanya kwa 312 unapata robo kamili. Mwaka wa jua wa Tarambe una siku 360 na robo, hekalu linahesabu 360 tupu. Kila miaka minne siku moja inapotea. Umeshajibiwa mkuu, funga uzi.

#3 Kinyonga

Fundi usikimbie na hesabu. Kama mwaka wa hekalu ni mfupi, sikukuu si ingechelewa? Mleta mada anasema imewahi.

#4 Fundi_Mizani

#3, inawahi. Kalenda fupi inamaliza mwaka kabla jua halijamaliza mzunguko wake, kwa hiyo siku ya 200 ya mwaka unaofuata inafika mapema kidogo kuliko majira. Rudia mara 312. Ndivyo ilivyo kwa kalenda ya Kiislamu, ambayo mwaka wake ni siku 354 au 355: Ramadhani hurudi nyuma siku 10 au 11 kila mwaka ukilinganisha na jua, na katika miaka kama 33 inakuwa imezunguka majira yote. Tofauti ni kwamba pale hakuna kilichoharibika. Hiyo ni kalenda ya mwezi na haikuwahi kuahidi kufuata mavuno. Hekalu la Tarambe liliahidi.

#5 Nyaraka_za_Kale

Namuunga mkono Fundi, na Misri ya kale inampa ushahidi. Mwaka wao wa kiserikali ulikuwa miezi 12 ya siku 30, ukaongezwa siku 5 mwishoni, jumla 365. Hakukuwa na mwaka mrefu. Waligawa mwaka katika majira matatu ya miezi minne minne, na la kwanza liliitwa kwa jina la gharika ya Nile. Sasa fikiria vizazi vinavyopita na robo siku inaliwa kila mwaka: mwezi wenye jina la gharika unaangukia wakati mto umekauka, na mwandishi wa serikali anaendelea kuandika tarehe vilevile. Mzunguko mzima huchukua miaka 1460 hivi hadi majina na majira yakutane tena.

Kinachomhusu Kalamu zaidi ni mwaka 238 KK. Makuhani walikutana katika mji wa Canopus chini ya mfalme Ptolemy III, wakaazimia kwamba kila mwaka wa nne iongezwe siku moja zaidi. Sababu waliyoitoa ni hiyohiyo ya hadithi yako: sikukuu za kiangazi zisije zikafanyika wakati wa baridi. Azimio likachongwa kwenye mawe na kusimamishwa mahekaluni. Watu wakalisoma na kuendelea na siku zao 365. Siku ile ya nyongeza haikushika mpaka zama za Augusto, kama karne mbili baadaye.

Kwa hiyo swali langu kwako si siku zimekwenda wapi. Robo siku inajulikana, mkulima yeyote anaiona kwa macho ndani ya maisha yake. Niambie kwa nini miaka 312 imepita na hakuna aliyeirekebisha.

#6 Mvua_za_Mwanzo

Nimeweka kiti hapa. Shusheni nondo.

#7 Binti_Jembe

Jamani, wote mmeruka shamba mkaenda angani. Kalamu anasema punje ukiiminya inatoa maziwa. Nafaka iliyofika hatua ya maziwa haina siku 78 mbele yake. Imebakiza wiki chache tu: maziwa yanaganda yanakuwa kama unga mbichi, kisha punje inakakamaa, kisha inakauka. Kama mavuno yako mbali siku 78, nafaka nyingi wakati huo hazijatoa suke kabisa. Mkulima wako hana hata cha kupeleka madhabahuni, anapeleka majani.

Kwa hiyo moja kati ya mawili. Ama siku si 78, na ile robo kamili ya Fundi inaanguka. Ama kinachovunwa mwaka wa 312 si kile kilichovunwa mwaka wa 1.

Na mimi nashika hilo la pili. Kalenda haijaharibika hata kidogo. Mababu walipanda nafaka ya muda mfupi inayoiva kwa siku 90. Baadaye ikaja mbegu nyingine yenye mavuno makubwa inayokaa shambani miezi mitano. Wakulima waliifuata mbegu, hekalu likabaki na tarehe. Katika kisa hiki hakuna mjinga wala mwongo, na hilo ndilo linalonivutia.

#8 Kalamu_Kavu (mleta mada)

Binti_Jembe umenishika pazuri. Siku 78 zinahesabiwa hadi siku ghala la hekalu linapopokea nafaka, yaani baada ya kukata, kukausha, kupura na kupepeta. Suke lenyewe linaiva mapema zaidi. Lakini wazo la mbegu sikuwa nalo. Endeleeni.

#9 Fundi_Mizani

Basi hesabu ya robo haina tena cha kushikilia, kwa sababu mwaka wa 1 na mwaka wa 312 havipimwi kwa kipimo kimoja. Mwaka wa 1 siku ya 200 ilikuwa katikati ya kukata au siku ya kupokea ghalani? Kama ilikuwa kukata, kalenda imehama labda siku 40 hivi, na mwaka wa jua ni 360 na kama moja ya nane. Si kosa, ni dunia nyingine tu. Ila uchague.

#10 Mtoza_Ushuru

Mmeona alichokisema #8 bila kukusudia? Ghala la hekalu linapokea nafaka. Basi mhalifu tumempata.

Kodi inalipwa kwa tarehe ya hekalu au kwa mavuno? Kama inalipwa kwa tarehe, hekalu lina kila sababu ya kuacha kalenda iende mbele ya shamba. Mkulima anadaiwa kabla hajavuna, hana nafaka, anakopa kutoka ghala lilelile na kurudisha kwa riba baada ya kupura. Kila siku inayopotea ni siku ya riba. Nani atakayeongeza siku hapo?

Roma walifanya mchezo wa aina hiyo. Kabla ya Kaisari mwaka wao wa kawaida ulikuwa siku 355, na makuhani ndio walioamua lini mwezi wa ziada uingizwe. Rafiki akiwa madarakani, mwaka unarefushwa. Adui akiwa madarakani, unaachwa mfupi. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipopamba moto mwezi wa ziada ukasahaulika mara nyingi, na kalenda ikakimbia mbele ya majira kwa karibu miezi mitatu. Ndiyo maana mwaka 46 KK Kaisari aliufanya uwe na siku 445 ili mambo yarudi sawa.

Kwa hiyo Kalamu, siku 78 hazihitaji miaka 312. Utawala mmoja mbovu wa miaka minane unatosha.

#11 Nyaraka_za_Kale

#10, ni kweli, ila Roma iliwezekana kwa sababu mwaka wao ulikuwa mfupi kwa siku 10 kila mwaka na ulihitaji mkono wa mtu. Tarambe imepungukiwa robo, au chini ya hapo. Kuhani hawezi kupoteza siku 78 kwa miaka minane katika kalenda ambayo haina mwezi wa kuingiza. Lazima Kalamu abadili mfumo kwanza.

Kuhusu kodi umesema vizuri. Uingereza ilipohamia kalenda ya Gregori mwaka 1752, Septemba 2 ilifuatwa na Septemba 14. Siku 11 zikarukwa. Mwaka wa kodi uliokuwa ukianza Machi 25 ukasogezwa hadi Aprili 5, na leo unaanza Aprili 6. Tarehe ilirukwa, mapato hayakurukwa.

#12 Anga_Saba

Naleta maelezo ambayo hayajaguswa. Labda hekalu halifuati jua wala mwezi. Linafuata nyota. Mwaka unaanza nyota fulani inapochomoza alfajiri kwa mara ya kwanza baada ya kufichwa na mwanga wa jua, kama Wamisri walivyoitazama Sirius. Mhimili wa sayari unayumba polepole, kwa hiyo mwaka wa nyota na mwaka wa majira havilingani. Kwetu tofauti ni dakika 20 hivi kwa mwaka. Makuhani wa Tarambe wamekuwa waaminifu kwa nyota yao miaka yote 312, na ni majira yaliyowakimbia.

#13 Fundi_Mizani

Anga, ni wazo zuri ila lina mashimo mawili. Dakika 20 kwa mwaka ni siku moja kila miaka 71 au 72. Kwa miaka 312 unapata siku nne na ushee. Ili upate 78, mhimili wa Tarambe umalize mzunguko wake kwa miaka 1441 hivi, wakati wetu unachukua kama 26,000.

Shimo la pili ni mwelekeo. Mwaka wa nyota ni mrefu kuliko mwaka wa majira. Kalenda ya nyota inachelewa. Sikukuu ingefika baada ya mavuno, watu wamekwisha kula nusu ya ghala.

#14 Anga_Saba

La kwanza linatibika. Kinachoyumbisha mhimili ni mvuto wa jua na mwezi kwenye uvimbe wa ikweta. Tarambe ina miezi miwili. Mwandishi akiifanya mizito na kuiweka karibu, kuyumba kutaongeza kasi. La mwelekeo naliacha kwa Kalamu. Nani kasema sikukuu lazima iwahi? Sikukuu ya malimbuko inayofika watu wamekwisha kula nayo ina fedheha yake.

#15 Kinyonga

Mimi hoja yangu ni nyingine kabisa. 24, 40, 360, juma la siku 8, hakuna baki popote! Dunia hii imetoka kiwandani. Mwezi wetu unachukua siku 29.53, mwaka wetu siku 365.2422, havigawanyiki hata ufanyeje. Ndiyo maana watu wakahangaika na mizunguko ya miaka 19 yenye miandamo 235. Msomaji wako akiona namba hizo atajua kuna mtu nyuma ya pazia. Hata robo siku ya Fundi inaonekana imebandikwa baadaye.

#16 Anga_Saba

Kinyonga punguza. Miezi kulingana kwa uwiano si jambo la ajabu. Katika sayari ya Mshtarii, Ganymede ikizunguka mara moja Europa inazunguka mara mbili na Io mara nne. Mvuto wenyewe unaishikilia hivyo.

Na hapa Kalamu una zawadi ambayo labda hukuiona. Siku 24 na 40 ni za kupevuka, zinategemea jua. Ukipima mzunguko kwa nyota, kwa mwaka wa siku 360, Nuria anazunguka kwa siku 22.5 na Bwere kwa siku 36. Mara 16 na mara 10 kwa mwaka. Uwiano ni 8 kwa 5. Unakubalika kabisa.

Kinachonitia shaka ni mwaka wenyewe kuwa 360 kamili. Mvuto wa mwezi kwa mwezi haupangi urefu wa mwaka. Hapo Kinyonga ana haki.

#17 Mtoza_Ushuru

Lakini hilo ndilo linalompa kuhani nguvu! Miezi inalingana yenyewe kwa siku 120, na 120 mara tatu ni 360. Mwaka wa kweli uko karibu na hapo, umepita kidogo tu. Kuhani akiongeza siku hata moja, usiku wa mwaka mpya miezi haitakuwa mipevu pamoja. Atasimama mbele ya umati, Nuria ameshaanza kumegeka, na kila mtoto ataona. Kati ya kupoteza mavuno yaliyo mbali na kupoteza anga iliyo juu ya vichwa vya watu, atachagua kulinda anga.

#18 Kalamu_Kavu (mleta mada)

#17 hiyo naichukua leoleo.

#19 Maji_Bamvua

Nimesoma kurasa zote. Hamjagusa bahari.

Mtoza_Ushuru anasema miezi inakutana kila siku 120. Inakutana kila siku 60. Anza usiku yote ikiwa mipevu. Baada ya siku 60 Nuria amezunguka mara mbili na nusu, Bwere mara moja na nusu. Yote miwili iko gizani upande wa jua. Siku 60 tena, yote mipevu. Kwa hiyo kwa mwaka kuna usiku tatu za nuru kubwa na tatu za giza tupu, na katika zote sita bahari inajaa bamvua lisilo na mfano, kwa sababu jua na miezi miwili vimekaa mstari mmoja. Mabaharia wa Tarambe watakuwa na kalenda yao ya siku 60, na wavuvi watajua siku za maji mafu kuliko kuhani yeyote.

Halafu siku tatu zile za giza, kupatwa kwa jua. Njia ya mwezi wetu imeinama kama digrii 5, ndiyo maana jua halipatwi kila mwezi unapoandama. Za Nuria na Bwere zimeinama kiasi gani? Usipoamua, jua la Tarambe litapatwa mara tatu kila mwaka kwa miezi yote miwili kupita pamoja.

#20 Mvua_za_Mwanzo

Siku ya giza tupu mabaharia wanakwenda wapi? Nipeni hadithi hiyo, kodi mbakie nayo.

#21 Kinyonga

Turudi kwenye juma. Siku 8 mara 45 ni 360. Ukiongeza siku ya robo, juma linavunjika. Papa Gregori alipofuta siku 10 mwaka 1582, Alhamisi Oktoba 4 ilifuatwa na Ijumaa Oktoba 15. Tarehe ziliruka, juma halikuguswa. Watu wanavumilia mengi kwenye mwezi na mwaka, ila juma ukiligusa umegusa ibada na mapumziko.

#22 Nyaraka_za_Kale

Nakazia #21. Ufaransa mwaka 1793 waliweka juma la siku 10, mapumziko siku moja kati ya kumi. Lilikufa na kalenda nzima ikafutwa kuanzia Januari 1, 1806. Urusi ya Kisovieti mwaka 1929 ikaweka juma la siku 5, wafanyakazi wamegawanywa makundi, kila kundi na siku yake ya kupumzika. Mume anapumzika leo, mke kesho kutwa. Wakajaribu siku 6, mwaka 1940 wakarudi kwenye 7.

Kwa hiyo sababu nyingine ya kutoongeza siku: masoko. Siku ya ziada inasogeza kila soko la Tarambe, na wafanyabiashara watapiga kelele kuliko makuhani.

#23 Binti_Jembe

Bado hamjajibu hoja yangu ya mbegu. Nawapa njia ya kupima. Simamisha nguzo uwanjani, mchana jua likiwa juu kabisa weka alama ncha ya kivuli. Siku ya kivuli kifupi kuliko vyote vya mwaka ni ya jua, haihusiani na hekalu wala mbegu. Kama mwaka wa 1 iliangukia siku ya 150 na mwaka wa 312 imeangukia siku ya 150 ileile, kalenda ni nzima na mbegu ndiyo iliyobadilika. Ikiangukia siku ya 228, Fundi ameshinda. Ikiwa kati ya hapo, yote mawili yametokea.

Kalamu, kuna yeyote Tarambe aliyeandika kivuli cha mwaka wa 1?

#24 Kalamu_Kavu (mleta mada)

Kuna nguzo ya jiwe mbele ya hekalu yenye alama ya zamani sakafuni. Tarehe ya alama hiyo iko kwenye kitabu ambacho wanasoma makuhani pekee. Naona ninayo sura nzima hapo. Asanteni.

#25 Mtoza_Ushuru

Basi kitabu kitakuwa na tarehe ambayo hekalu linaitaka. Mwenye kitabu ndiye mwenye ghala.

#26 Fundi_Mizani

Kitabu hakihitajiki. Mkulima yeyote aanze leo kuweka alama na kuhesabu siku kati ya kivuli kifupi na kivuli kifupi kinachofuata. Mwaka mmoja hautampa robo, mawingu na jicho vitamdanganya. Miaka 20 itampa, kwa sababu kosa la siku moja linagawanywa kwa 20. Mpe mhusika wako utoto anaanza kuhesabu na uzee anamaliza.

#27 Maji_Bamvua

Au amuulize baharia. Wana kumbukumbu za bamvua kizazi hadi kizazi, na hawalipi kodi kwa hekalu.

#28 Anga_Saba

#27, bamvua linafuata miezi, na miezi ndiyo iliyopanga 360 ya hekalu. Baharia atamwambia mkulima kwamba kuhani yuko sahihi, na atakuwa anasema kweli kwa anachokijua. Binti_Jembe, kivuli chako kikileta siku ya 175, mbegu imehama kiasi gani?